Mchezo usiotaja ugonjwa ulifungiwa London miaka 23, unaoutaja waziwazi ukapita Paris kwa minne. Tuelezane

#1 Magofu_ya_Kaole
Wakuu, salaam. Hapa Bagamoyo inaandaliwa tafsiri ya Gengangere, mchezo wa Mnorwe Ibsen ambao Waingereza huuita Ghosts, na kuna swali limegoma kuondoka mezani.

Mchezo ulichapwa Desemba 1881. Kijana Osvald anarudi nyumbani kutoka Paris, ubongo wake umeanza kuharibika, na daktari ameshamdokeza kuwa anavuna madhambi ya baba. Usome kurasa zote, neno kaswende hulikuti. Daktari kasema neno moja tu la Kifaransa, vermoulu, yaani kilicholiwa na wadudu, basi. Pamoja na usiri huo wote, majumba makubwa ya Skandinavia yaliukataa, na London haukupata kibali cha hadharani mpaka 1914.

Sasa chukua Les Avariés wa Eugène Brieux. Humo daktari anakaa na mgonjwa wake, anaitaja kaswende kwa jina, anamwambia asubiri miaka mitatu au minne kabla ya kuoa, anamweleza kitakachompata mtoto na hata mama wa kunyonyesha atakayeajiriwa. Ni somo la kliniki lenye pazia. Paris waliufungia 1901, wakauachia 1905.

Unaopiga kelele miaka minne, ulionyamaza miaka 23 tangu uonyeshwe London kwa mara ya kwanza 1891. Mimi ningetegemea kinyume chake. Nani ana maelezo?

#2 Mchuuzi_wa_Pweza
Nimetandika mkeka. Kahawa iko jikoni.

#3 Chumbageni_Ndani
Mkuu #1, hesabu yako ina tundu. Umempima mmoja London na mwingine Paris. Wapime wote mahali pamoja uone.

London: Ghosts kibali 1914. Damaged Goods, yaani huo wa Brieux kwa Kiingereza, ulionyeshwa faragha 1914 na kibali ukapata 1917. Kwa hiyo London ulionyamaza ndio uliotangulia.

Paris: André Antoine aliuonyesha wa Ibsen 1890 kwenye Théâtre Libre, miaka kumi na moja kabla Brieux hajafungiwa. Huko nako ulionyamaza umetangulia.

Sasa swali lako linageuka: kwa nini kutaja jina kunagharimu zaidi?

#4 Magofu_ya_Kaole
Ahsante #3, nakubali nimechanganya bandari. Lakini Antoine hakuuza tiketi kwa umma. Théâtre Libre ilikuwa ya wanachama waliolipa ada. Hilo si sawa na kuruhusiwa.

#5 Muswada_Mezani
Hapo #4 umegusa penyewe. Watu wengi hudhani udhibiti ni mtu mmoja mwenye kalamu nyekundu na hasira. Ni mashine, na kila mashine ina pengo lake.

Uingereza, kuanzia sheria ya 1737 na ile ya 1843, mchezo mpya ulipelekwa ofisi ya Lord Chamberlain, mkubwa wa nyumba ya mfalme, siku saba kabla ya onyesho. Mwenye kupeleka alikuwa meneja wa jumba, si mwandishi. Ada gini moja kwa mchezo wa sehemu moja, gini mbili ukiwa mrefu zaidi. Mkaguzi akisoma, jibu ni ndiyo au hapana. Sababu hakulazimika kutoa, rufaa hakuna. Na kibali ni cha maneno yaliyoandikwa: mwigizaji akichomeka utani wake jukwaani, amevunja sheria. Mashine hiyo ilidumu mpaka 1968.

Pengo lake ni neno "hadharani". Ukiunda chama, wanachama wakalipa ada mapema, mlangoni pasiuzwe tiketi hata moja, basi hiyo ni shughuli ya watu na wenzao. Ndivyo J. T. Grein alivyouonyesha Ghosts London tarehe 13 Machi 1891, Royalty Theatre. Berlin walikuwa wameshatangulia: chama cha Freie Bühne kilifungua pazia lake la kwanza Septemba 1889 kwa mchezo huohuo. Miji mitatu, mbinu moja.

Kwa hiyo hiyo "miaka 23 ya kufungiwa" tuiite kwa jina lake. Kwa muda mrefu hakuna meneja aliyetaka kuupeleka ukakataliwe, kwa sababu meneja anakula na ofisi ileile kila mwezi. Unamkasirishaje mtu anayekupa kibali cha vichekesho vyako vya sikukuu kwa ajili ya mchezo mmoja wa mgonjwa?

#6 Mchuuzi_wa_Pweza
Kumbe meneja ndiye mdhibiti. Hii naijua, imevaa kanzu tofauti tu.

#7 Binti_Raskazone
Ndugu zangu mnazungumza kama vile ugonjwa ndio ulioudhi. Sikubaliani. Hebu tuhesabu kilichomo ndani ya ule mchezo ukiiondoa kaswende kabisa:

mchungaji aliyemrudisha mke kwa mume mlevi na mzinzi, akajiona amefanya thawabu. Mtumishi wa ndani, Regina, ambaye ni binti wa mume huyo, sasa marehemu, na Osvald anataka kumuoa bila kujua ni dada yake. Mama anayeanza kuwaza kwamba pengo la furaha ya mumewe na yeye alichangia. Vidonge 12 vya mofini ambavyo mtoto anamwomba mama yake ampe wakati ukifika. Na pazia linafungwa kabla hatujajua kama atampa.

Nani angekipitisha hicho hata kama Osvald anaumwa mafua?

Na ushahidi upo. Edward Pigott, aliyekuwa mkaguzi wa michezo wakati huo, aliiambia kamati ya bunge mwaka 1892 kwamba wahusika wa Ibsen kwa jumla wamevurugika kimaadili. Hakusema wana magonjwa.

#8 Chumbageni_Ndani
Dada, nakupa nusu. Daily Telegraph ya 1891 iliuita mfereji wa maji machafu usiofunikwa na kidonda kisichofungwa. Mifereji na vidonda! Mtu anayeudhiwa na mchungaji hatafuti tusi lake wodini.

#9 Binti_Raskazone
Tusi la wodini ndilo lililokuwa jepesi mkononi, kaka. Hasira yenyewe imetoka sebuleni.

#10 Nesi_wa_Makorora
Hamjambo. Nimewasoma, ila tafsiri hiyo kabla haijapanda jukwaani naomba upande wa tiba uwekwe sawa, maana watazamaji watauliza.

Kaswende haitoki kwa baba kwenda kwa mtoto moja kwa moja. Inapita kwa mama, kwenye kondo, wakati wa mimba. Kwa hiyo Osvald akiwa nayo tangu tumboni, mama yake, Bi Alving, lazima awe nayo. Mchezoni ni mzima kama ngoma. Zamani madaktari wengi waliamini mbegu ya baba inatosha, na Ibsen aliandika kwa elimu ya wakati wake.

Tena kaswende ya kuzaliwa nayo ikifika kwenye ubongo huonekana mara nyingi utotoni au ujanani. Hutangulia dalili nyingine: meno ya mbele yenye pengo la mviringo, macho kuuma na kuingia ukungu, uziwi. Osvald amefika miaka ya ishirini na kitu bila hata moja, anachora picha zake Paris.

Mkiigiza hapa, wekeni mtu wa kujibu maswali baada ya pazia, la sivyo kina mama watarudi nyumbani wakiamini kipimo cha kliniki hakina kazi kama baba ndiye mwenye lawama. Kipimo cha kaswende mimba ikiwa changa na sindano ya penisilini ya benzathini, yuniti milioni 2.4, ndivyo vinavyomwokoa mtoto. Ikiwa maambukizi ni ya siku nyingi au hayajulikani yalianza lini, ni sindano tatu, moja kila wiki. Na mama apate dawa angalau siku 30 kabla ya kujifungua, si wiki ya mwisho.

#11 Fundi_Taa
Nesi, mama anaweza kuwa nayo bila dalili, au siyo?

#12 Nesi_wa_Makorora
Anaweza. Kidonda cha kwanza hakiumi, hutokea kama wiki tatu baada ya kuambukizwa, kwa mwanamke mara nyingi kimejificha ndani na hupona chenyewe. Vipele vya hatua ya pili, hata viganjani na nyayoni, navyo hupotea. Baada ya hapo kimya cha miaka. Hivyo Bi Alving mwenye kaswende iliyolala anawezekana kabisa. Tatizo ni kwamba mchezo haumfikirii hata mara moja, wala hakuna anayemshauri apimwe.

#13 Muswada_Mezani
Na kuna wasomaji wanaoitazama ile habari ya kiko. Osvald anakumbuka baba yake alimpa kiko avute akiwa mdogo mpaka akatapika. Kidonda cha mdomoni huambukiza. Ukiisoma hivyo, mama hahusiki.

#14 Nesi_wa_Makorora
Haiwezekani kuikataa moja kwa moja, ila sitaki mtu aondoke ukumbini akiogopa kiko na kikombe cha kahawa. Kliniki inatosha kazi.

#15 Mchuuzi_wa_Pweza
Kikombe changu nimekisogeza pembeni hata hivyo.

#16 Mzee_wa_Ngamiani
Vijana, mmesahau buba. Wazee wa pwani hii waliijua vizuri. Buba na kaswende ni vijidudu vya ukoo mmoja, Treponema pallidum, vinavyokaribiana hata kipimo cha damu hakivitenganishi. Tofauti ni kwamba buba huambukizwa kwa kugusana ngozi, na wengi wao walikuwa watoto wanaocheza. Na dawa ni ileile: penisilini ndiyo iliyoipunguza kwenye kampeni za miaka ya 1950.

Sasa niambieni. Buba inatajwa sokoni, mezani, mbele ya wakwe. Mtu hanuni. Kaswende unainama sikioni. Kijidudu ni kilekile kwa jicho la darubini. Kwa hiyo kinachofungiwa ni njia iliyopitwa.

#17 Binti_Raskazone
Shikamoo mzee. Hii nitaiba.

#18 Mzee_wa_Ngamiani
Marahaba. Iba, lakini ukitaja jina langu useme Ngamiani, si Makorora.

#19 Chumbageni_Ndani
Hoja ya mzee ina shahidi mwingine mkubwa. Kifua kikuu. Mchezo wa Dumas mdogo juu ya mwanamke wa Paris anayekufa kwa kifua ulizuiliwa Paris mpaka Februari 1852, na London walikataa kuupa kibali. Mashtaka yalikuwa nini? Kwamba ni kahaba. Kikohozi na damu kwenye leso hakikumsumbua mtu.

Na hapa ndipo panapochekesha. London iliyokataa mchezo, mwaka 1856 iliipokea La Traviata, opera ya Verdi yenye kisa hichohicho. Kwa nini? Inaimbwa kwa Kiitaliano na ina vinanda. Mwanamke yuleyule, kifua kilekile, ila sasa anaimba.

#20 Mchuuzi_wa_Pweza
Huo ni utaratibu wa taarabu bwana. Sema unavyotaka, mradi uimbe na umlenge mtu asiyetajwa. Tanga tuliligundua hili bila Lord Chamberlain.

#21 Magofu_ya_Kaole
Tanga na sifa. Haya endeleeni.

#22 Muswada_Mezani
Mimi nawaletea maelezo yasiyo na ushairi: dawa. Kijidudu kiligunduliwa 1905 na Schaudinn na Hoffmann. Kipimo cha Wassermann 1906. Salvarsan, dawa ya Ehrlich na Hata, ikaingia sokoni 1910. Kabla ya hapo kuonyesha kaswende jukwaani ni kumwonyesha mtu shimo bila ngazi. Baada ya hapo una la kumwambia: nenda ukapime, nenda ukatibiwe. Vibali vya 1914 na 1917 vimekuja nyuma ya dawa.

#23 Chumbageni_Ndani
Paris 1905. Kijidudu ndiyo kwanza kinaonekana kwenye darubini, dawa bado miaka mitano. Ngazi iko wapi?

#24 Muswada_Mezani
Paris mashine yenyewe ilikuwa inakufa. Mwaka 1906 bunge la Ufaransa halikufuta sheria ya wakaguzi, liliondoa fungu la mishahara yao kwenye bajeti. Mkaguzi asiye na mshahara hakagui.

#25 Mchuuzi_wa_Pweza
Hii ndiyo habari bora kuliko zote humu.

#26 Binti_Raskazone
Nyote mmeiruka vita. Tume ya kifalme ya Uingereza kuhusu magonjwa ya zinaa ilikaa 1913 mpaka 1916. Katikati yake askari maelfu kwa maelfu wanalazwa kwa kaswende na kisonono badala ya kuwa mstari wa mbele. Mwaka 1917 Damaged Goods unapewa kibali. Mtu hakuhitaji kubadili maadili, alihitaji askari warudi kazini. Mchezo uleule, maneno yaleyale, ila sasa ni chombo cha jeshi.

#27 Magofu_ya_Kaole
Basi kigezo ni nani anaufaidi.

#28 Chumbageni_Ndani
Au ni nani anayezungumza. Kwa Brieux ukweli wote unatoka kwenye kinywa cha daktari. Tena kabla ya pazia anatoka msimamizi wa jukwaa kuwatangazia watu: mchezo unahusu kaswende na ndoa, hauna tendo la kuudhi wala neno chafu, na mwanamke yeyote anaweza kuutazama, isipokuwa kama tunaamini wanawake wanapaswa kuwa wajinga. Huo ni utangulizi uliopigwa msasa na mtu anayejua mlango uko wapi. Na mwaka 1901 alipokatazwa kuuonyesha, aliusoma. Novemba, Théâtre Antoine, mbele ya walioalikwa. Kusoma hakukuhitaji kibali. Liège wakauonyesha 1902, ng'ambo ya mpaka.

New York 1913 hivyohivyo. Mwigizaji Richard Bennett hakuuza tiketi za mchezo, aliuza uanachama wa mfuko uliodhaminiwa na jarida la madaktari. Koti jeupe ndilo lililokuwa kibali.

Kwa Ibsen hakuna daktari jukwaani. Yupo mgonjwa na mama yake.

#29 Nesi_wa_Makorora
Na ndiyo sababu wa Ibsen unauma na wa Brieux unachosha. Nasema kama mtu wa koti jeupe.

#30 Fundi_Taa
😂 Nesi kamaliza.

#31 Mzee_wa_Ngamiani
Nani anayelipa, tusisahau. Mwaka 1938 Marekani, mpango wa serikali wa kuwapa wasanii kazi uliweka jukwaani Chicago mchezo unaoitwa Spirochete, jina la kijidudu chenyewe chenye umbo la skrubu. Historia nzima ya kaswende tangu mabaharia wa Columbus. Kwenye ukumbi wa kuingilia watu walipimwa damu. Ulipofika Philadelphia, Wakatoliki wa chama cha Knights of Columbus wakalalamika, jina la Columbus likaondolewa. Kaswende ilibaki. Aliyefutwa ni baharia!

Na hapa kwetu, Radio Tanzania ilianza mchezo wa redio wa Twende na Wakati mwaka 1993, na dereva wa lori Mkwaju akatembea na Ukimwi redioni nchi nzima, isipokuwa Dodoma ambako hawakurusha mpaka 1995 ili watafiti wapate kulinganisha. Mtaani watu bado walikuwa wakisema "kakanyaga miwaya", redio ya serikali inasema Ukimwi kwa jina. Hakuna aliyemfungia Mkwaju.

#32 Binti_Raskazone
Mkwaju alikuwa mfano wa kutofuatwa, mzee. Mgonjwa anayeadhibiwa hupita kila mahali. Mlete mgonjwa asiye na kosa, aliyeambukizwa na mtu anayeheshimiwa, uone.

#33 Mchuuzi_wa_Pweza
Au mlete mwenye busha. Busha halijawahi kufungiwa Tanga. Mto wa kitandani, kanzu pana, mwendo wa bata, ukumbi wote chini.

#34 Nesi_wa_Makorora
Ndiyo, na kwa sababu hiyo mwenye busha haendi hospitali. Mabusha na matende ni minyoo ya Wuchereria inayoletwa na mbu, hayaletwi na madafu wala na tabia ya mtu. Mkoa wa Tanga uliingia kwenye ugawaji wa ivermectin na albendazole mwaka 2004, dozi mara moja kwa mwaka, na busha lenyewe ni upasuaji mdogo. Kicheko nacho ni aina ya kufungia. Unaruhusiwa kutazama, huruhusiwi kuuliza.

#35 Mchuuzi_wa_Pweza
Nimenyamaza, dada.

#36 Magofu_ya_Kaole
Turudi Bagamoyo. Kwa mchezo wenye neno kaswende, mlolongo wa kibali hapa uko vipi?

#37 Muswada_Mezani
Sheria ya Filamu na Michezo ya Kuigiza Na. 4 ya 1976 inataka kibali kabla ya onyesho la hadharani. Mlango ni Bodi ya Filamu, na ina mikono ngazi ya mkoa na wilaya. Anza kwa Afisa Utamaduni wa wilaya. Kikundi kiwe kimesajiliwa BASATA, baraza lililoundwa kwa sheria ya 1984, maana hilo ndilo swali la kwanza utakaloulizwa.

Mambo yanayokwamisha ni madogo. Watu hupeleka muhtasari badala ya muswada. Muhtasari unamtisha msomaji kwa sababu unasema "mchezo unahusu kaswende na ndugu wanaotaka kuoana", nukta. Peleka maneno yote, kurasa zimepigwa namba, nakala tatu: moja ibaki kwao, moja irudi na mhuri, moja awe nayo mshika muswada nyuma ya jukwaa. Ambatisha barua ya mganga mkuu wa wilaya kwamba maelezo ya ugonjwa ni sahihi. Koti jeupe la #28 bado linafanya kazi.

Ukishapata mhuri usibadilishe. Wakitaka neno litoke, waulize wanataka libadilishwe na lipi, na waandike. Mara nyingi neno mbadala la maandishi halipatikani, hivyo la mwanzo linabaki. Ruhusa ya vipaza sauti na mkusanyiko ni karatasi nyingine, isiachwe mpaka siku ya mwisho. Saa: baada ya Isha, na epukeni Ramadhani.

Jambo moja zaidi. Mkiongeza sehemu juu ya VVU, Sheria ya Ukimwi ya 2008 inalinda siri ya majibu na inakataza unyanyapaa. Mhusika asifanane na mtu wa mtaani hata kwa viatu.

#38 Binti_Raskazone
Hapo kwenye muhtasari ndipo vikundi vingi hujichuja vyenyewe. Kalamu nyekundu inaanzia kwenye mazoezi: neno linaondolewa "ili tusisumbuane", kisha tendo, kisha mhusika. Ofisini unafika mchezo wa mama anayempokea mwanawe aliyechoka na safari.

#39 Fundi_Taa
Mimi swali langu ni la moto. Mwisho wa sehemu ya pili kituo cha yatima kinaungua, kinaonekana dirishani. Paa lenu ni makuti?

#40 Magofu_ya_Kaole
Makuti.

#41 Fundi_Taa
Basi hata njiti ya kiberiti isiwashwe. Weka taa mbili nyuma ya kitambaa cheupe cha dirisha, moja rangi ya chungwa, moja nyekundu, kila moja na kipunguza mwanga chake, na watu wawili wazipandishe na kuzishusha kwa kupishana bila mpigo. Mkiwa na mpigo mmoja inakuwa disko. Moshi msitumie, upepo wa bahari utauleta wote kwa watazamaji. Ndoo za mchanga nne pembeni hata hivyo.

Kazi ngumu ni mwisho. Jua linachomoza na Osvald anamwomba mama yake jua. Taa moja tu, chini, upande mmoja, ianze manjano iliyokolea na ifike nyeupe kwa dakika tano hivi. Watu wengi hupandisha kwa sekunde thelathini na mwigizaji anafunikwa. Jenereta likae nyuma ya ukuta, mbali, maana zile sentensi za mwisho ni fupi na sauti haina nguvu.

#42 Nesi_wa_Makorora
Na sauti hiyo msiifanye ya mlevi. Kaswende ya ubongo hukokota matamshi: silabi zinarukwa au zinarudiwa, midomo na ulimi vinatetemeka, uso unalegea. Mtu anaanza sentensi vizuri na kuipoteza katikati. Asishike kichwa na kulia "aaah". Maumivu ya kichwa aliyoyalalamikia yalikuwa ya mwanzoni, mwishoni hayupo tena.

#43 Chumbageni_Ndani
Jina la Kiswahili je? Vermoulu nayo?

#44 Mzee_wa_Ngamiani
Vermoulu ni "kubunguliwa". Hindi lililobunguliwa, boriti iliyobunguliwa: nje nzima, ndani unga. Daktari amwambie, "Umebunguliwa tangu kuzaliwa." Hakuna atakayehitaji kamusi.

#45 Chumbageni_Ndani
Mzee, hiyo imekaa. Jina nadhani "Mizimu".

#46 Binti_Raskazone
Mizimu hapana, mizimu inatambikiwa na ina makao yake. Neno la Ibsen ni wale wanaotembea tena. Nasema "Vizuka". Na angalieni: kizuka kwa hapa pwani ni kinachozuka usiku, na pia ni mjane aliyekaa eda. Bi Alving ni mjane, na kesho yake ni miaka kumi kamili tangu mume afe. Eda ni miezi minne na siku kumi. Yeye bado yumo ndani, analinda jina la marehemu.

#47 Magofu_ya_Kaole
Aisee. Bango linabadilika leo.

#48 Muswada_Mezani
Kabla hujachapa: neno kaswende linakuwepo kwenye bango au la?

#49 Nesi_wa_Makorora
Liwepo, na mahali pa kupima liandikwe chini.

#50 Binti_Raskazone
Lisiwepo. Ibsen hakuliweka hata ndani, mnaliweka ukutani?

#51 Mzee_wa_Ngamiani
Andikeni buba, watajaa.

#52 Mchuuzi_wa_Pweza
Na lile jengo la yatima, walisemaje, lilikuwa na bima?

#53 Chumbageni_Ndani
Halikuwa. Mchungaji alikataza, watu wangesema hawana imani na Mungu.

#54 Mchuuzi_wa_Pweza
Basi Fundi_Taa, ongeza ndoo mbili.